Nyanya za kijani, pai tamu, na sukari yako ya damu

Kila ukifika mwezi wa kumi hapa Uingereza, swali ni lile lile. Nyanya tulizopanda nyuma ya nyumba bado ziko kwenye miti yake, kijani kibichi, jua limekwisha na usiku sakitu inaanza kuanguka. Haziivi tena. Tuzitupe? Wapo waliosikia kwa majirani Waingereza kwamba hupikwa pai tamu kwa nyanya hizo, wakashangaa, maana nyumbani nyanya isiyoiva wengi tumeambiwa ni sumu. Na wapo wenye kisukari wanaofurahi kusikia kuna kitu kitamu kinachopikwa kwa mboga.

Hao wa mwisho ndio walionifanya niandike, kwa sababu kosa lao nimelifanya mimi mwenyewe. Mimi ni muuguzi, nimesomea kazi hii nyumbani Tanzania na tena huku, na mwaka mmoja shangazi yangu alikuja kunitembelea. Ana kisukari aina ya 2 na anakunywa vidonge. Jirani alikuwa amenipa maelekezo ya pai ya nyanya za kijani, nikaioka, nikamkatia kipande. Akaniuliza, "Mwanangu, hii si tamu mno kwangu?" Nikamjibu, "Shangazi, kula tu, hiyo ni nyanya." Akala viwili na chai ya maziwa isiyo na sukari, maana chai alikuwa anajua mwenyewe kuilinda. Saa mbili baadaye nikampima: 17.8. Kwa wasomaji wa Marekani, ambako vipimo ni vya aina nyingine, zidisha kwa 18, utapata kama 320. Siku zake za kawaida hazipiti 9. Alishinda na kiu na kichwa kizito, usiku mzima anakwenda chooni, na mimi nilikuwa na aibu ambayo sijaisahau.

Basi tuanze na hiyo sumu, halafu tuje kwenye sukari.

Nyanya ni ya ukoo mmoja na viazi mviringo, biringanya na hata mnavu. Mimea ya ukoo huu hujikinga na wadudu kwa kutengeneza vitu vichungu. Cha nyanya kinaitwa tomatini. Kiko kwa wingi kwenye majani, mashina na yale matunda machanga kabisa, madogo kama gololi, na kadiri tunda linavyokua na kuiva kinapungua hadi kinabaki kidogo sana. Moto wa oveni haukiondoi, kwa hiyo usidanganyike kwamba ukipika sana umekisafisha. Lakini kwa kiasi ambacho mtu mzima anakula kwenye kipande cha pai, nyanya iliyofikia ukubwa wake hata kama bado ni kijani haina madhara. Watu wa Marekani ya kusini wanazikaanga na kuzila kama chakula cha kawaida, na Waingereza wanazipikia achari na pai tangu zamani. Majani na vikonyo ndivyo visivyoliwa. Na ukionja tunda ukaona ni chungu, siyo chachu bali chungu, litupe tu, ulimi unakueleza ukweli.

Kwa hiyo chagua. Chukua zile kubwa zenye kijani cheupe kinachong'aa. Kama una subira, hizo hizo ukizifunga kwenye mfuko wa karatasi pamoja na ndizi mbivu, sehemu yenye joto, nyingi zitaiva zenyewe ndani ya wiki moja au mbili. Ndogo ngumu zenye kijani kizito hazitaiva na hazifai kwa pai. Usichanganye pia na zile aina ambazo rangi yake ni kijani hata zikiiva. Hizo ukizibonyeza zinalegea, na ni tamu kwa kachumbari.

Tena angalia ugonjwa. Mvua za mwisho wa kiangazi huleta baka jani, ule ugonjwa ambao wakulima wa nyanya wa Lushoto na Iringa wanaujua vizuri, na ndio uleule ulioangamiza viazi vya Ireland kuanzia mwaka 1845. Unaiona nyanya ina doa la kahawia, gumu, linasambaa chini ya ngozi. Ugonjwa wenyewe hauambukizi binadamu, lakini tunda linaoza upesi na vimelea vingine vinaingia. Usikate doa ukapika kilichobaki, tupa lote. Vivyo hivyo nyanya zilizoganda kwa sakitu zikawa laini kama maji.

Sasa sukari. Nyanya ya kijani yenyewe haina neno: kwenye gramu 100 ina sukari kama gramu 4 tu, na vitamini C ya kutosha. Tatizo ni kwamba ni chachu, na uchachu wake ndio unaofanana na wa tufaha. Ukiweka mdalasini na sukari nyingi, mtu asiyejua atakuambia anakula pai ya tufaha. Lakini tufaha lina utamu wake, nyanya ya kijani haina, kwa hiyo utamu wote unatoka kwenye kopo lako la sukari. Maelekezo niliyopewa yalisema gramu 250 ndani na 100 juu. Gawa kwa watu wanane: kila kipande kina gramu 44 za sukari iliyoongezwa. Ushauri wa hapa Uingereza ni mtu mzima asizidishe gramu 30 kwa siku nzima, kisukari awe nacho au asiwe nacho. Shangazi alikula vipande viwili, yaani gramu 88, karibu vijiko 22 vya chai. Na mimi nilimwambia ni nyanya.

Baada ya hapo nilirudi jikoni na mizani. Hii ndiyo ninayopika siku hizi, ya watu wanane.

Nyanya za kijani gramu 900, zioshe, kata vikonyo, zikate vipande vyembamba. Zitie kwenye sufuria na sukari gramu 100, zabibu kavu gramu 75, maji ya ndimu moja, mdalasini kijiko kimoja cha chai, tangawizi ya unga nusu kijiko, karafuu ya kusaga chembe tu na iliki tatu ulizozitwanga. Ukiniuliza mimi, iliki ndiyo inayoifanya iwe yetu. Jirani yangu sasa naye anaiweka. Chemsha kwa moto wa wastani dakika kumi hivi mpaka nyanya zilainike na maji yapungue. Wengine huzinyunyizia chumvi kwanza zitoe maji. Mimi sipendi, wengi katika jamii yetu wana presha. Koroga vijiko viwili vya chakula vya unga wa mahindi ule mweupe laini wa kuzitisha mchuzi, kwenye maji kidogo, changanya, mimina kwenye chombo cha oveni.

Juu yake: unga wa ngano gramu 150, oti za uji gramu 75, siagi baridi gramu 100, sukari gramu 60. Sugua siagi na unga kwa ncha za vidole mpaka iwe chembechembe, ndipo utie oti na sukari. Mwaga juu bila kushindilia. Oveni digrii 180 za Selsiasi, au 160 kama ina feni, dakika 40 hadi 45, mpaka juu pawe rangi ya dhahabu na pembeni paone povu linachemka. Iache ipoe nusu saa kabla ya kukata, ikiwa moto itakutawanyikia.

Hapo sukari iliyoongezwa ni gramu 160, yaani 20 kwa kipande. Imeshuka zaidi ya nusu. Lakini usikimbilie kusema sasa ni salama, kwa sababu kisukari hakijali sukari nyeupe peke yake. Unga, oti na zabibu vyote vinageuka sukari mwilini. Ukijumlisha kila kitu, kipande kimoja kina wanga wa gramu 50 na kidogo, ambao ni sawa na slesi tatu za mkate. Kwa hiyo mwenye kisukari akitaka pai hii, na ana haki ya kuitaka kama watu wengine, ale nusu kipande, na siku hiyo apunguze wali au chapati ya mlo uleule. Siyo ale wali wake kamili halafu pai iwe juu! Badala ya kastadi weka mtindi usio na sukari. Ukiwa na kipimo, pima kabla ya kula na baada ya saa mbili. Kwa wengi wenye aina ya 2 tunapenda baada ya chakula isipite 8.5, kwa vipimo vya Marekani kama 153. Namba hiyo ndiyo itakayokuambia nusu kipande kinakufaa wewe au hakikufai.

Anayejidunga insulini na kuhesabu wanga, hesabu ni hiyo gramu 50 kwa kipande. Na sukari ikikushuka ghafla, ukatetemeka na kutoka jasho, usikimbilie pai. Siagi iliyomo inachelewesha sukari kuingia kwenye damu. Kunywa juisi au tafuna vidonge vya glukosi.

Najua maswali yanayofuata. Asali? Asali ina heshima yake kwetu, lakini ndani ya damu inapandisha sukari kama kawaida, na kwenye hesabu ya zile gramu 30 imo. Mdalasini unatibu kisukari? Hapana. Uweke kwa ajili ya harufu, na dawa uliyoandikiwa endelea nayo. Nasisitiza hili kwa sababu nimeona watu walioacha vidonge wakabaki na chai ya mdalasini, na tukaja kukutana nao wodini. Sukari bandia inawezekana, ila angalia paketi: zenye sukralosi zinavumilia moto, zenye aspatemu zikikaa sana ovenini utamu unapotea. Na hata ukitumia hizo, unga na zabibu bado vipo.

Wenye matatizo ya figo walioambiwa wapunguze potasiamu, kipande kina zaidi ya miligramu 300, kwa hiyo muulizeni kwanza mtaalamu wa lishe wa kliniki yenu. Wenye kiungulia, nyanya na ndimu zinaweza kukiamsha. Msiile usiku mkaenda kulala moja kwa moja.

Ikibaki, iweke kwenye friji siku tatu, au igande vipande vipande, kila nusu kipande kwenye mfuko wake. Ndivyo ninavyofanya shangazi akija. Safari iliyopita alikula nusu yake na mtindi, tukapima baada ya saa mbili ikasoma 9.1. Akaniambia, "Bado iko juu kidogo." Tukavaa makoti, tukatembea mpaka kwenye bustani na kurudi.