Kamera itazame wapi pale ngoma isipokuwa na mpigaji?

Mpiga picha wa Bujumbura aliyezoea kurekodi ngoma za kifalme hahangaiki kutafuta pa kuelekeza kamera. Ngoma zisizopungua dazeni, idadi yake ikiwa witiri daima, hupangwa nusu duara kuizunguka inkiranya, na wapigaji huingia kati kwa zamu. Sauti na mwili huonekana pamoja. Sanaa hiyo iliingizwa na UNESCO katika orodha ya urithi wa dunia usioshikika mwaka 2014.

Mpiga picha huyohuyo akialikwa kurekodi tamasha la muziki wa elektroniki, mambo hugeuka. Msanii husimama nyuma ya meza akigusa vitufe vidogo. Mdundo unanguruma, lakini hakuna mkono unaopiga. Mwongozaji ndiye atakayeamua mtazamaji aone nini.

Boiler Room, iliyoanza London mwaka 2010 kwa kamera ndogo ya kompyuta, ilipata jibu lisilo na gharama: msanii aitazame kamera, wachezaji wawe nyuma yake. Uso wa anayecheza ukachukua nafasi ya mkono wa mpigaji.

Kwa muziki wa kwetu Afrika Mashariki, ugumu ni kasi. Singeli ya Dar es Salaam hufikia mapigo 200 hadi 300 kwa dakika. Filamu ikirekodiwa kwa picha 25 kwa sekunde, mapigo 300 huacha picha tano tu kwa kila pigo. Anayebadilisha picha kila pigo humchosha mtazamaji kabla ya wimbo wa kwanza kwisha. Afadhali kusubiri hadi mdundo wenyewe ubadilike, jambo linalotaka sikio kabla ya jicho. Pengine si ajabu kwamba Léonce Ngabo, aliyeongoza filamu ya Kirundi "Gito l'ingrat" mwaka 1992, alikuwa mwanamuziki kwanza.

Sauti nayo ina mtego wake. Ile inayotoka moja kwa moja kwenye mitambo ni safi, ila haina watu. Bila vifijo, tamasha husikika kama chumba kitupu. Hivyo huwekwa vinasa sauti karibu na umati. Lakini sauti husafiri takriban mita 340 kwa sekunde: kinasa kilicho mita 34 kutoka kwenye spika huchelewa sehemu moja ya kumi ya sekunde, yaani nusu ya pigo katika singeli ya kasi hiyo. Mhariri asiporekebisha, vigelegele na mdundo vitagombana.

Hata hivyo, kosa la sauti hurekebishika. Uso uliokwisha kusambaa haurudi. Septemba 2022, Bunge la Uganda lilitaka tamasha la Nyege Nyege huko Jinja lizuiwe kwa hoja ya maadili, kabla serikali kuliruhusu kwa masharti. Katika mazingira hayo, sekunde mbili za binti anayecheza zinaweza kumfikia mwajiri wake, au mjomba wake, kabla hajafika nyumbani. Mwongozaji makini hutangaza mlangoni kwamba kamera zipo, hutenga upande usiorekodiwa, na anapohariri hupendelea miguu, mabega na vivuli.