Sheria ya Ulaya na Mgongo wa Mpagazi wa Walikale

Barabara itokayo Masisi kupitia Mpofi kwenda Walikale, mashariki mwa Kongo, ni mbovu na mara nyingi haina usalama, lakini inapita katika eneo ambalo viwanda vya elektroniki vya dunia vinalitegemea sana: upande wa Masisi kuna koltani ya Rubaya, na ndani ya misitu ya Walikale kuna kasiteriti ya Bisie, yaani jiwe jeusi au la kahawia ambamo hupatikana metali ya bati (si mabati ya kuezekea, ambayo ni chuma kilichopakwa zinki). Kasiteriti ina uzito wa karibu mara saba ya maji, ilhali mchanga wa kawaida haufikii mara tatu. Ndiyo maana mchimbaji, baada ya kuvunjavunja mwamba kwa nyundo, huuosha katika maji yanayotiririka, mchanga ukachukuliwa na madini yakabaki chini.

Kwa miaka mingi lehemu iliyounganisha sehemu za redio na kompyuta ilikuwa mchanganyiko wa bati na risasi, na risasi ilizidi theluthi moja. Tarehe 1 Julai 2006 sheria ya Umoja wa Ulaya ilianza kuzuia risasi katika vifaa vingi vya umeme kwa sababu ni sumu, na viwanda vikahamia lehemu ambayo zaidi ya asilimia 95 yake ni bati. Wakati huo huko Bisie, wapagazi walikuwa wakibeba mgongoni magunia ya kilo 50 kupitia msituni hadi Njingala, kisha ndege ndogo, zikitua juu ya lami ya barabara pale Kilambo, zikapeleka mzigo mjini Goma. Sheria iliyokusudiwa kulinda afya, na iliyo njema kwa kadiri hiyo, ilichangia kuongeza hitaji la magunia hayo bila kumtaja mpagazi hata mara moja.

Koltani nayo hutoa tantalumu, metali inayotumika kutengeneza kapasita, yaani kifaa kidogo kinachotunza chaji ya umeme ndani ya simu; bei yake ilipaa mwaka 2000 na kuporomoka mwaka uliofuata.

Mwaka 2010 Marekani ilipitisha sheria ya kuyataka makampuni yaeleze asili ya madini yao, ili yasifadhili makundi yenye silaha, na mwezi Septemba Rais Joseph Kabila wa Kongo akasimamisha uchimbaji mdogo katika majimbo ya Kivu zote mbili na Maniema hadi Machi 2011, hatua iliyowanyima riziki watu ambao hawakuwahi kubeba silaha.

Tangu 2019 kampuni ya Alphamin huchimba Bisie kwa mitambo, na mgodi huo hutoa takriban asilimia 6 ya bati la dunia. Waasi wa M23 walipokuwa wakisonga mbele kuingia Walikale mnamo Machi 2025, kampuni ilisimamisha kazi, na bei ya bati ikapanda katika soko la London; safari hii msituni ndiko kulikoamua, na wanunuzi wa mbali wakalazimika kungoja hadi Aprili, wapiganaji walipoondoka na uzalishaji kuanza tena.