Nasaba na Dai la Ufalme: Henry V katika Televisheni

Tamthilia ya Shakespeare iitwayo Henry V, iliyotungwa takriban mwaka 1599, hukumbukwa zaidi kwa vita vya Agincourt. Hata hivyo, vita hivyo huzaliwa na hoja ya nasaba. Askofu Mkuu wa Canterbury hudai kwamba sheria inayomnyima mwanamke urithi wa kiti haiihusu Ufaransa. Kwa hiyo Henry aweza kuudai ufalme huo kwa upande wa kuukeni.

Hoja hii, ambayo watazamaji wengi huiona ndefu na kavu, si ngeni katika historia ya Kasongo na Salamabila, kusini mwa Maniema. Katika tawasifu yake, Tippu Tip asimulia jinsi alivyosikia habari za wanawake wawili wa ukoo wa sultani Kasongo Rushie wa Utetela waliotekwa zamani, kisha akadai kuwa mmoja wao alikuwa nyanya yake. Sultani akasadiki, akamwachia utawala. Baadaye mji wa Kasongo ukawa makao yake makuu.

BBC iliitoa tamthilia hiyo katika televisheni mwaka 1979, Henry akiigizwa na David Gwillim, na tena mwaka 2012 akiigizwa na Tom Hiddleston. Jukwaani hoja husikika. Kamera huusogelea uso wa anayeisikiliza, na mtazamaji hujiuliza kama mfalme anasadiki au anatafuta kisingizio. Tawasifu hainyeshi uso wa Kasongo Rushie kwa namna hiyo, kwani anayedai ndiye anayesimulia.