Reli Iliijenga Nakuru, Lakini Katika Ardhi ya Nani?

Mwanafunzi akiulizwa chanzo cha mji wa Nakuru, aghalabu hujibu kwa neno moja: reli. Jibu hilo si kosa, ila ni nusu ya jibu.

Nchini Uingereza, enzi za Malkia Victoria, reli kwa kawaida zilifuata bidhaa zilizokuwapo: makaa ya mawe, chuma na nguo za viwandani. Kwetu mambo yalikwenda kinyume. Reli iliyoanzia Mombasa mwaka 1896 ilifika Nakuru mwaka 1900 na Kisumu mwaka 1901. Iligharimu zaidi ya pauni milioni 5, nayo haikuwa na mizigo ya kutosha. Ndipo serikali ya kikoloni ilipowaita walowezi waje kulima, ili reli ijilipe.

Hata hivyo, Bonde la Ufa halikuwa tupu. Kwa mkataba wa mwaka 1904, Wamaasai waliondolewa kwenye malisho yao, wakagawanywa baina ya Laikipia na kusini mwa reli. Mwaka 1911 waliamriwa kuihama hata Laikipia. Katika ardhi hiyo ndipo yalipostawi mashamba ya ngano, ng'ombe wa maziwa na pareto, na Nakuru ikawa soko na ghala lake.

Kwa kuwa mimi ni mwanaisimu, nausoma ushahidi huu katika majina. Naivasha latokana na Enaiposha, neno la Kimaasai. Nakuru na Elmenteita pia ni ya asili hiyo. Wasafiri waliyasoma majina hayo kwenye vibao vya stesheni, ilhali wenye lugha walikuwa wamehamishiwa mbali na njia hiyo. Watu waliondoka, maneno yakabaki.

Mnyonge mnyongeni, haki yake mpeni: bila reli, huenda Nakuru isingepata hadhi ya jiji mwaka 2021. Lakini reli mpya ilipofika Suswa mwaka 2019, iliiacha Nakuru kando. Njia iliyoijenga miji ya jana si lazima iilinde kesho.

Basi walimu wenzangu, tusiishie kuwakaririsha wanafunzi miaka na majina ya stesheni. Tuwafunze kuuliza kila njia inapochorwa: nani atafaidika, na nani atahamishwa?