Binti Sultani Naye Ana Akili



Katika vijiji vya Mkange, kama kwingine pwani, hadithi ni shule ya kwanza ya mtoto. Je, binti zetu wanajifunza nini humo? Mara nyingi binti sultani hukaa ghorofani akingoja kuposwa. Harusi ikifika, hadithi imekwisha. Picha hiyo si ngeni huku, kwani kwa mila za Wakwere na jirani zao mwali naye aliwekwa ndani.

Lakini tunazo hadithi nyingine. Mwaka 1870 Askofu Edward Steere alichapisha ngano alizokusanya Unguja. Katika ngano ya Sultani Darai, paa anamtajirisha maskini na kumpatia binti sultani awe mkewe. Paa anapougua, mume anamdharau. Mke ndiye anayemhurumia na kumwandikia baba yake barua kwa siri. Mwishowe mke anajikuta kwao, na mume anajikuta jaani kama zamani.

Yupo pia binti sultani wa kweli. Bibi Salme, binti wa Sultani Said, alizaliwa Unguja mwaka 1844. Wasichana walifundishwa kusoma tu, lakini yeye alijifundisha kuandika kwa siri, akitumia mfupa wa bega la ngamia. Alifiwa na mumewe Ujerumani mwaka 1870, akalea watoto watatu, na mwaka 1886 akatoa kitabu cha maisha yake. Si kila jambo lake ni la kuigwa: jamaa yake walimiliki watumwa, na alitetea utumwa huo. Lakini kalamu yake ilimpa sauti.

Kwa nini tunayasema haya? Sheria ya Ndoa ya 1971 iliruhusu msichana wa miaka 15 kuolewa kwa idhini ya wazazi. Mwaka 2019 Mahakama ya Rufani ilithibitisha kwamba vifungu hivyo ni kinyume cha Katiba. Hata hivyo, hukumu ya mahakama haifiki jikoni yenyewe, hadithi hufika.

Tunaziomba kamati za parokia ziwaalike bibi wasimulie watoto, wavulana wakiwemo, kisha waulize: binti huyu aliamua nini? Angefanya nini asingeolewa? Nanyi wafadhili wetu, daftari na sare mnazotoa ndizo mfupa wa ngamia wa leo.