Kibarua cha Mfumaji

Muhula uliopita niliwapa wanafunzi wangu wa somo la tafsiri makala mafupi ya michezo yaliyoandikwa kwa Kiingereza, wayageuze kuwa Kiswahili. Makala yenyewe yalimhusu mshambuliaji Mwingereza aitwaye Rickie Lambert, na katika sentensi ya kwanza mwandishi alimwita "journeyman". Nililiacha neno hilo makusudi, liwe mtego. Wengi waliandika "msafiri", wengine "mhamaji", na mmoja aliliruka kabisa kana kwamba halikuwapo. Mwanafunzi mwingine, mtu mzima aketiye nyuma na ambaye mvi zimeanza kumtokea, aliandika "mchezaji wa kibarua". Niliikata tafsiri yake kwa kalamu nyekundu na kumwandikia pembeni kwamba amepotoka.

Kesho yake alinifuata ofisini, karatasi mkononi.

"Daktari, niwie radhi," aliniambia. "Huyu mtu hakuwa safarini. Alikuwa kazini."

Nilitabasamu, kama tufanyavyo sisi wenye shahada nyingi tunapoambiwa jambo ambalo hatukulitarajia, nikafungua kamusi ili nimwonyeshe kosa lake. Kamusi ikanionyesha langu. Neno hilo, licha ya sura yake, halikuanza na safari hata kidogo. Linatokana na neno la Kifaransa lenye maana ya siku, au kazi ya siku nzima. Aliyeitwa hivyo zamani alikuwa fundi aliyekwisha kuhitimu uanagenzi wake lakini hakuwa na karakana yake mwenyewe. Alilipwa kwa siku, na kesho aliweza kuwa kwa tajiri mwingine. Nacho kibarua, kwa asili yake, ni barua ndogo: kile kijikaratasi alichopewa mtu wa kazi za mikono kuonyesha kwamba ameajiriwa na siku alizofanya. Isitoshe, kurasa zetu za michezo zilikwisha kulitwaa neno hilo zamani. Kocha akifutwa, husemwa amepoteza kibarua. Timu ikitarajia kuvaana na mahasimu wakali, husemwa ina kibarua kigumu. Mwanafunzi wangu alikuwa amesoma magazeti kuliko mimi. Nilimrudishia alama zake mbili, naye akaondoka bila maringo yoyote, jambo lililoniudhi zaidi.

Tangu siku hiyo nimekuwa nikimfikiria Lambert kwa jicho jingine.

Alizaliwa Februari 1982 huko Kirkby, kando ya jiji la Liverpool. Alikuwa chipukizi katika klabu ya Liverpool tangu akiwa na umri wa miaka 10, na klabu hiyo ndiyo aliyoishabikia. Alipofikisha miaka 15 aliambiwa hahitajiki tena. Akahamia Blackpool, akacheza mechi chache mno katika timu ya wakubwa, na mwaka 2000 akaachwa tena. Alikaa miezi kadhaa bila klabu. Alipokuwa akifanya mazoezi na Macclesfield Town, akitumai kwamba watamchukua, alijitafutia riziki katika kiwanda cha kupakia bitiruti. Kazi yake ilikuwa kukaza vifuniko vya chupa, na malipo yalikuwa pauni 20 kwa siku. Kwa siku, nasema. Angekuwa Thika au Athi River, hakuna ambaye angehitaji kamusi ili kumpa jina.

Hapa yafaa nieleze jinsi soka ya Uingereza ilivyopangwa, kwa kuwa wengi wetu tunaijua ghorofa ya juu tu. Ligi Kuu, ile inayojaza vibanda vyetu vya video kila Jumamosi, ina klabu 20. Chini yake kuna madaraja matatu yenye klabu 24 kila moja, na kila klabu hucheza mechi 46 za ligi tangu Agosti hadi Mei. Jumla ya klabu za madaraja yote manne ni 92. Hizo 72 za chini hakuna anayezibishania Gikomba wala Kakamega. Huko mchezaji hupewa mkataba wa mwaka mmoja au miwili, na kila mwezi Mei klabu hutangaza orodha ya wanaobakizwa na wanaoachwa. Mtu mwenye mke na watoto huisubiri orodha hiyo kama sisi tulivyoyasubiri matokeo ya Kidato cha Nne, ila yeye huyasubiri tena mwaka ujao, na mwaka unaofuata.

Macclesfield walimchukua mwaka 2001, na mwaka uliofuata wakamuuza kwa Stockport County kwa pauni 300,000, kitita kikubwa kwa klabu ya kiasi chao. Stockport hakung'aa. Mara nyingine alipangwa katika kiungo, mara nyingine mbele, na klabu yenyewe ilikuwa ikiyumba. Februari 2005 akaenda Rochdale, katika daraja la nne. Hapo ndipo alipoanza kufumania nyavu kwa mazoea: mabao 22 ya ligi katika msimu wa 2005/06. Agosti 2006 Bristol Rovers wakamnunua kwa pauni 200,000. Msomaji atambue kwamba bei yake ilikuwa imeshuka kwa thuluthi moja katika muda wa miaka minne, ingawa mchezo wake ulikuwa umepanda. Akiwa huko alipanda na klabu hadi daraja la tatu, na katika msimu wa 2008/09 akafunga mabao 29 ya ligi, idadi ambayo hakuna aliyeipita katika daraja hilo. Ndipo Southampton walipomchukua, Agosti 2009, kwa pauni milioni moja. Alikuwa na umri wa miaka 27, na bado yuko katika daraja la tatu. Southampton walianza msimu huo wakiwa wamenyang'anywa pointi 10 kwa sababu ya matatizo ya fedha.

Yaliyofuata yanajulikana zaidi. Walipanda daraja mwaka 2011, wakapanda tena 2012, na katika msimu wake wa kwanza wa Ligi Kuu, akiwa na miaka 30, akafunga mabao 15. Kwa jumla aliifungia Southampton mabao 117 katika mechi 235, na hakukosa hata mkwaju mmoja wa penalti kati ya 34 aliyoipigia klabu hiyo. Tarehe 14 Agosti 2013 aliingia uwanjani Wembley badala ya Wayne Rooney, mechi ikiwa Uingereza 2, Scotland 2. Kona ikapigwa na Leighton Baines, Lambert akaruka, na mpira wa kwanza aliougusa katika jezi ya taifa ukaingia wavuni. Mechi ikaisha 3-2.

Niliitazama mechi hiyo katika kibanda kimoja karibu na steji, nikiwa nimekwama kwa kukosa matatu. Nakumbuka kijana aliyekuwa mbele yangu akiuliza kwa sauti, "Huyu mzee ametoka wapi?"

Swali lake limejibiwa mara nyingi na waandishi wa Uingereza, na karibu wote hujibu kwa namna moja: kwamba Lambert ni ua lililochelewa kuchanua. Mimi ni mtu wa sarufi, na kitenzi hicho kinanisumbua. Kuchelewa kuna mtenda, na mtenda ndiye mwenye lawama. Nani alichelewa hapa? Mtu alifunga mabao 22 Rochdale akiwa na miaka 23 na 24. Alifunga 29 Bristol. Kichwa alichopigia mpira ule Wembley ndicho kile kile. Kama kuna aliyechelewa, ni wale waliokuwa wakilipwa kutazama.

Hata hivyo nisimtetee kupita kiasi. Yeye mwenyewe alibadilika. Kocha wake wa kwanza Southampton, Alan Pardew, alimtaka apunguze uzani, naye akaupunguza. Tena kuna mambo aliyojifunza huko chini ambayo sidhani angejifunzia pengine: kupokea mpira mgongo ukiwa umeelekea lango na beki amemlalia, kuwapangia wenzake pasi kabla hawajaiomba, kupiga penalti jioni ya Jumanne kwenye tope mbele ya watu elfu mbili tatu wanaomfahamu kwa jina na ambao kesho atakutana nao dukani. Kwa hiyo si kweli kwamba alikuwa johari iliyokaa tayari miaka yote ikingoja kuokotwa. Kazi ndiyo iliyomfanya, na kazi hiyo ilifanyika mahali ambapo kamera hazikufika.

Walimu wenzangu wana tabia, nami ninayo, ya kuwabandikia wanafunzi watu kama hawa ukutani. Vumilieni, twawaambia, nanyi mtafika Wembley. Sioni uaminifu katika ahadi hiyo. Katika kila timu aliyopitia Lambert walikuwapo wenzake walioamka alfajiri kama yeye, wakakimbia kama yeye, na Mei ilipofika majina yao hayakuwamo katika orodha. Klabu zenyewe hazikuwa salama. Macclesfield Town ilivunjwa na mahakama mwaka 2020 kwa sababu ya madeni. Rochdale iliteremka mwaka 2023 na kutoka katika madaraja hayo manne iliyokuwamo tangu 1921. Ikiwa thamani ya miaka ya Lambert kule Rochdale ni kwamba ilimfikisha Wembley, basi wenzake hatuna la kuwaambia. Lakini waliokuja uwanjani jioni ile ya Jumanne hawakuwa wakitazama maandalizi ya jambo jingine. Walitazama mpira, wakarudi nyumbani wakiwa wamefurahi au wamenuna, na aliyewafurahisha alikuwa amelipwa kwa haki.

Waandishi hupenda kuimalizia hadithi pale Wembley. Mimi napenda iendelee. Mwaka 2014 Liverpool, klabu iliyomwacha akiwa na miaka 15, ilimnunua kwa takriban pauni milioni nne. Mambo hayakwenda vizuri. Alikaa sana kwenye benchi, akafunga mabao matatu msimu mzima, akauzwa kwa West Bromwich Albion, kisha Cardiff City, na Oktoba 2017 akastaafu. Aliichezea timu ya taifa mara 11 na kuifungia mabao matatu. Miaka ile ya mwisho inafanana sana na ile ya kwanza: klabu mpya, kocha mpya, kuthibitisha upya. Hata baada ya Wembley, barua ilibaki ndogo.

Nalisema hili nikilijua kwa kiasi fulani. Nilipopata uzamifu nilidhani nimefika. Kwa miaka sita nilifundisha katika bewa tatu za vyuo tofauti, nikilipwa kwa idadi ya vipindi, malipo yakija baada ya muhula au mihula miwili, mitihani ya vyuo vitatu ikiwa katika mkoba mmoja. Wanafunzi waliniita Daktari. Makarani wa fedha waliniambia nirudi wiki ijayo. Nilipoajiriwa hatimaye, mwenzangu mmoja alinipongeza kwa kusema kwamba sasa nimeanza kazi. Sikumjibu, ijapokuwa nilikuwa nimewafundisha mamia ya watu fonolojia, na baadhi yao walikuwa tayari walimu.

Ndiyo maana naona haya kueleza yaliyotokea mwezi uliopita. Yule mwanafunzi wa kibarua aliomba nafasi ya kusomea uzamili katika idara yetu. Faili lake lilifika mbele ya kamati ambayo mimi ni mjumbe. Alipata D+ katika mtihani wa Kidato cha Nne. Baada ya hapo akasomea cheti cha ualimu, akafundisha miaka mingi kwa kuajiriwa na bodi ya shule, mshahara wake ukitegemea karo ya wazazi, akasomea stashahada wakati wa likizo, kisha shahada, ambayo ameipata kwa daraja ya pili ya juu. Mjumbe mmoja alisema kwamba alama ya kwanza ndiyo inayoonyesha uwezo wa mtu, na yaliyofuata ni bidii tu. Alilitamka neno bidii kama ugonjwa. Wajumbe watatu wakatikisa vichwa kukubali. Mimi nilikuwa wa tatu.

Sina udhuru. Ilikuwa saa kumi na moja jioni, mafaili yalikuwa mengi, na nilikuwa nimeyasoma mabao yote ya Lambert bila kuona kwamba yalinihusu. Alama ile aliipata akiwa na umri wa miaka 18. Sasa ana 44, umri wangu.

Faili hilo linarudi mbele ya kamati mwezi ujao, kwa kuwa mjumbe mwingine alidai lijadiliwe upya. Laiti ningalikuwa mimi. Nimekwisha kuandika barua ya ukurasa mmoja ya kumtetea, na pamoja nayo nimeambatisha nakala ya ile tafsiri yake, kama ilivyo, na wino wangu mwekundu juu yake.