Somo la filamu litafundishwa na nani?

Januari 2026, wanafunzi wa kwanza wa Gredi ya 10 walianza masomo ya sekondari ya juu nchini Kenya. Miongoni mwa masomo yaliyowekwa kwenye mkondo wa sanaa ni Sanaa za Maonyesho na Filamu. Ni hatua ya kupongezwa. Hata hivyo, katika vyumba vya walimu, Machakos na kwingineko, lazima tuulizane: ni nani atakayelifundisha somo hili, naye amejifunza wapi?

Mfano wa jibu tunao humu humu nchini. Jane Murago-Munene alisomea filamu katika chuo cha KIMC, Nairobi, wakati wanawake waliofanya kazi hiyo walihesabika kwa vidole. Alitumikia Sauti ya Kenya, na mwaka 1979, Mwaka wa Kimataifa wa Mtoto, akatoa filamu yake *The Tender One*. Baadaye alirudi chuoni kwake kufundisha, akawa mkuu wa idara ya filamu, kisha akaanzisha kampuni yake mwenyewe. Kwake yeye, kufunza na kutenda havikuwa vitu viwili vilivyotengana.

Itazame kazi yake ya 2011, *Unbroken Spirit*. Inamhusu Monica Wangu Wamwere, mama yake Koigi wa Wamwere. Februari 1992 akina mama wa wafungwa wa kisiasa walikwenda katika bustani ya Uhuru, wakagoma kula wakidai wana wao waachiliwe. Machi 3 polisi waliwavamia kwa marungu na gesi ya kutoa machozi. Baadhi ya wazee hao wakavua nguo, jambo ambalo katika mila zetu ni laana nzito. Wakahamia Kanisa Kuu la Watakatifu Wote, wakakesha humo miezi mingi, hata wana wao wakaanza kuachiliwa.

Magazeti yaliripoti kisa hicho siku zile, kisha yakaenda zake. Mtengenezaji filamu huyu aliketi na mama huyo takriban miaka 20 baadaye, akamwacha asimulie maisha yake. Hilo ndilo somo ambalo halimo katika kitabu cha kiada: kumsubiri mtu, kumsikiliza, na kuipa sauti yake uzito unaoistahili.

Sisi wa Machakos tuna deni la aina hiyo hiyo. Mwaka 1938 serikali ya kikoloni ilinyakua ng'ombe wa Wakamba kwa hoja kwamba walizidi uwezo wa ardhi. Maelfu ya watu, wake kwa waume, waliandamana hadi Nairobi kulalamika, na kiongozi wao Muindi Mbingu akahamishiwa Lamu kwa nguvu. Mtoto aliyekuwa na miaka 10 katika msafara ule leo angekuwa na 98. Tumechelewa mno. Lakini wako bado akina mama waliochimba matuta kwa mwethya katika milima ya Iveti na Mua, wakaiokoa ardhi ambayo wataalamu wa kikoloni waliitabiria uharibifu. Nani anawarekodi?

Baada ya ugatuzi wa 2013, kaunti hii ilivumisha jina la Machawood, na watu wakaota studio na majumba makubwa. Sikatai majumba. Nasema tu kwamba jumba halifundishi mtu. Mwalimu ndiye afundishaye, na mwalimu wa filamu asiyewahi kutengeneza hata filamu ya dakika 5 ni sawa na mwalimu wa kuogelea asiyewahi kulowa.

Basi napendekeza mambo mawili. Kwanza, wizara iwafungulie watengenezaji filamu mlango wa kufunza shuleni kwa muda, bega kwa bega na walimu waliosajiliwa. Pili, kazi ya kwanza ya kila mwanafunzi wa somo hili iwe kumrekodi mzee mmoja wa kijiji chake, kwa idhini yake, hata kwa simu ya mkononi, na nakala ihifadhiwe katika maktaba ya shule.

Mzee akifa, maktaba imeteketea, husema Waafrika. Nasi walimu tusiwe watazamaji wa moto huo.